Namba mbili za kifua kimoja: tuuze kiwanja?

Shikamoo Shangazi,

Mimi ni mama wa watoto wanne, mkazi wa Kibirizi, Kigoma. Nanunua dagaa mwaloni, naanika, nauza. Nakuandikia kuhusu mwanangu wa pili. Ana miaka 15, yuko kidato cha pili.

Kifua chake kimeingia ndani katikati, kuanzia usawa wa matiti kushuka hadi kwenye chembe ya moyo. Alipokuwa mdogo kilikuwa kishimo tu cha kutosha kidole gumba. Nikimwogesha, maji yalikuwa yanatuama humo, na tulikuwa tunacheka wote. Mwaka juzi akaanza kurefuka ghafla, na shimo nalo likaongezeka. Sasa ngumi yangu inakaa.

Wenzake wanamwita Bakuli. Huyu mtoto alijua kuogelea kabla ya kujua kusoma, lakini siku hizi haingii ziwani bila fulana, na akitoka anakimbilia ndani kubadilisha kabla haijamganda mwilini mbele za watu. Akipanda kutoka mwaloni na ndoo ya dagaa husimama njiani mara mbili, tatu, wakati mdogo wake wa miaka 12 ameshafika nyumbani.

Huko nyuma alitibiwa nimonia mara tatu kwenye kituo kimoja cha matibabu. Kila wakimpiga eksirei wanasema pafu la kulia lina doa, anachomwa sindano, tunarudi. Safari ya mwisho hakuwa na homa wala kikohozi. Alikuwa amebanwa pumzi baada ya mpira, basi.

Mwezi wa tatu mwaka huu daktari mmoja kijana hapahapa mkoani alimvua shati, na ndiyo mara ya kwanza daktari kumvua shati mwanangu. Akaagiza eksirei mbili, ya mbele na ya ubavuni, akachora mistari kwenye kompyuta, akaandika "indeksi ya Haller 3.1". Akasema ni hali ya kiwango kidogo, tumfuatilie. Mwezi wa sita mtoto akaenda likizo Dar es Salaam kwa baba yake mdogo, naye akampeleka kupigwa CT scan. Ripoti ya huko inasema upana milimita 246, kina milimita 63, indeksi 3.9, hali kali. Mwanangu anasema kwenye ile mashine aliambiwa atoe pumzi yote nje na abaki hivyo mpaka aruhusiwe.

Shangazi, miezi mitatu tu! Baba yake mdogo anasema kifua kinazama kwa kasi, tuuze kiwanja chetu cha Mwandiga tumpeleke India kabla moyo haujapondeka. Mume wangu ameshaanza kutafuta mteja. Mama mkwe anasema haya yote ni kwa sababu nilikuwa nambeba mgongoni nikimfunga khanga kwa kumbana nikiwa kazini. Jambo hilo linaniuma, siwezi kueleza linavyoniuma. Jirani naye anasema anyanyue vyuma, kifua kitatoka chenyewe.

Naomba unieleze. Hizi namba ni za nini? Hiyo 3.9 ni kati ya ngapi? Tuamini ipi? Tuuze kiwanja?

Mwenyewe amekataa kukuandikia, lakini ameniambia nikuulize jambo moja. Mbona akiweka mkono katikati ya kifua hausikii moyo wake, ila anausikia kushoto kabisa, karibu na kwapa? Je, hapo ndipo moyo unapokaa?

Mama wa Kibirizi

* * *

Marahaba, mwanangu.

Nianze na khanga, maana naona ndiyo inayokukosesha usingizi. Hukumbonyeza mtoto wako. Mbavu zinaungana na mfupa wa kidari kwa gegedu, ile nyama ngumu unayoitafuna kwenye kidari cha kuku. Kwa watoto wengine gegedu hizo hukua vibaya na kuuvuta mfupa wa kidari uelekee ndani. Mara nyingi mtoto huzaliwa na dalili zake, kama wako alivyokuwa na kile kishimo cha kutuama maji, kisha akibalehe na kurefuka, shimo hurefuka naye. Hutokea kwa takriban mtoto mmoja kati ya 300 hadi 400, wavulana wakiwa wengi zaidi kuliko wasichana, na katika familia nyingine huwapata zaidi ya mmoja. Akina mama wa Kigoma na Tabora wote wamebeba watoto mgongoni kwa kuwafunga wakafungika, mimi nikiwemo. Kama khanga ingebonyeza vifua, tusingekuwa na kijana mwenye kifua kilichonyooka kuanzia Ujiji mpaka Nzega. Mpelekee mama mkwe salamu zangu za heshima na umsomee aya hii.

La pili, mwambie mume wako amsimamishe huyo mteja wa kiwanja. Sikatai kwamba mtoto anaweza kuhitaji upasuaji siku moja. Ninachokataa ni kuuza ardhi kwa namba ambayo hakuna aliyekaa nanyi akawaeleza imepatikanaje.

Nimefanya kazi katika chumba cha eksirei Tabora miaka 31 kabla ya kustaafu, kwa hiyo niruhusu nikuingize kwenye picha yenyewe. Wewe ni mtu wa mwaloni. Umewahi kumkata kuhe vipande vya kukaanga, ukamkata kwa upana. Ukikitazama kile kipande usoni unauona mwiba wa mgongo juu, nyama imezunguka, na nafasi ya tumbo chini. CT scan humkata mtu hivyohivyo kwa picha, bila kisu, kipande baada ya kipande kutoka mabegani hadi tumboni. Mtaalamu anapitia vipande hivyo vyote mpaka anakipata kile ambacho mfupa wa kidari umezama kuliko pengine popote. Hapo anachora mistari miwili. Wa kwanza unatoka ubavu hadi ubavu, kwa ndani, pale kifua kilipo kipana. Wa pili unatoka nyuma ya mfupa wa kidari hadi mbele ya pingili ya uti wa mgongo. Halafu anagawanya upana kwa kina. Chukua simu yako ugawanye 246 kwa 63. Umeona? 3.9.

Kwa hiyo 3.9 haiko "kati ya" kitu chochote. Si alama za mtihani wala si asilimia. Maana yake ni kwamba kifua cha mwanao, pale kilipobonyea zaidi, upana wake unaingiza kina chake karibu mara nne. Kifua kisichobonyea hucheza kwenye mara mbili na nusu hivi. Kipimo hiki kimepewa jina la daktari Haller wa Baltimore, Marekani, ambaye yeye na wenzake walikitangaza mwaka 1987 walipolinganisha picha za watoto waliohitaji kufanyiwa upasuaji na za wasiokuwa na shida. Hapo ndipo ulipotoka mstari wa 3.25 ambao madaktari wa upasuaji wanautumia mpaka leo. Wengi huandika hali ndogo ikiwa chini ya 3.2, ya kati ikifika 3.2 hadi 3.5, na kali ikivuka 3.5. Ndiyo maana daktari kijana wa mkoani akaandika ndogo na wa Dar es Salaam akaandika kali. Kila mmoja amelisoma jedwali lake sawasawa.

Sasa tuje kwenye hofu ya miezi mitatu. Gawanya tena, safari hii 246 kwa 79. Unapata 3.1. Kati ya kina cha milimita 79 na cha 63 kuna milimita 16, hazifiki unene wa kidole gumba changu. Milimita hizo chache ndizo zilizotosha kumtoa mtoto kwenye "ndogo" na kumtia kwenye "kali". Unajua nini kinaweza kuzileta? Pumzi. Eksirei ya kifua hupigwa mgonjwa akiwa amevuta hewa na kuishikilia. Mimi mwenyewe nimesema "vuta pumzi, shika, usipumue" mpaka watoto wangu nyumbani wakawa wananiigiza. Ukivuta hewa mbavu hupanda na kidari hutoka mbele, kina kinaongezeka, na ile namba inashuka. Ukiitoa yote nje kidari kinarudi nyuma, na kwa mwenye kifua kilichobonyea namba inapanda. Mjukuu wangu amefanya jambo kubwa kukumbuka kwamba aliambiwa atoe pumzi. Hilo peke yake linaeleza sehemu kubwa ya tofauti inayowatisha, na wala halionyeshi kwamba kifua kilizama kati ya Machi na Juni. Aliyempiga picha Dar es Salaam hakukosea, kwa sababu baadhi ya madaktari wa upasuaji hutaka hasa kuona hali ikiwa imebana kwa kiwango cha juu. Ila namba ya pumzi ndani hailinganishwi na ya pumzi nje, kama vile hulinganishi debe lililoshindiliwa na lisiloshindiliwa ukasema mmoja amekuibia.

Lipo na suala la wapi mstari umechorwa. Kwenye eksirei ya ubavuni mfupa wa kidari unaonekana kwa makali, na mbavu za pande mbili zimepandana juu yake. Kama shimo liko katikati kabisa, daktari makini anapata namba iliyo karibu sana na ya CT scan, na sina sababu ya kuidharau kazi ya yule kijana. Lakini shimo likiwa limeelemea upande mmoja, au mfupa wenyewe umejipinda, picha ya ubavuni inaweza kupapita pale palipozama zaidi bila kupaonyesha. Kwa wagonjwa wa namna hii nilikuwa nabandika kipande kidogo cha waya kwa plasta kwenye ngozi, palepale kidole kinapozama zaidi, ili kwenye picha kionekane kama kistari cheupe na anayepima asibahatishe. Ukirudi kwa eksirei ya ufuatiliaji, omba wafanye hivyo. Ni jambo la nusu dakika.

Nataka uelewe pia udhaifu wa hii indeksi yenyewe, kwa sababu watu wanaibeba kama hukumu ya mahakama. Inategemea umbo. Mtoto mwembamba, mwenye kifua bapa na kipana, anaweza kupata namba kubwa ingawa shimo lake si refu. Mwingine mwenye kifua cha mviringo kama pipa anaweza kuwa na shimo la kutisha na namba ikabaki ndogo. Ndiyo sababu mwaka 2011 madaktari wa Marekani walitangaza kipimo cha pili, tukiite kipimo cha marekebisho. Hiki hakijali upana. Kinachukua kina cha sehemu iliyozama na kina cha sehemu ya kifua iliyotokeza mbele zaidi, kisha kinauliza pengo kati yao ni asilimia ngapi ya kile kina kikubwa. Tuseme sehemu iliyotokeza ya mwanao ina milimita 95. Ukitoa 63 inabaki 32, na 32 katika 95 ni kama asilimia 34. Hiyo 95 nimeiweka kwa mfano tu, ripoti yako haina. Kifua cha kawaida hubaki chini ya asilimia 10, na baadhi ya madaktari huanza kuzungumzia upasuaji inapofika 28. Asilimia hii mtu wa kawaida anaielewa: sehemu fulani ya nafasi aliyopaswa kuwa nayo huyu mtoto imechukuliwa. Omba ipimwe.

Na hapa sikiliza vizuri, kwa sababu itakuokolea fedha na kumwokolea mtoto mionzi. Ili kuipata hiyo asilimia hakuna haja ya CT scan nyingine. Ile ya mwezi wa sita ina kila kitu. Mwambie shemeji yako aende pale walipopimia akaombe picha zote kwenye CD, siyo karatasi ya ripoti peke yake wala ile filamu moja waliyoichapa, akutumie. Daktari yeyote mwenye kompyuta ataifungua, atakitafuta kipande chenye shimo, atachora mistari upya. CT scan moja ya kifua inaweza kuwa na mionzi sawa na ya eksirei za kifua makumi kadhaa. Kwa sababu ya maana, ipigwe, sina ugomvi nayo. Kuirudia kila mtu mpya anapotaka kuona namba yake mwenyewe, hapana, tena kwa mtoto wa miaka 15. Ikilazimika kupigwa nyingine huko mbele, uliza kama inaweza kuwa ya mionzi kidogo na ya vipande vichache, au kama wana MRI, ambayo haina mionzi kabisa.

Kuhusu zile nimonia tatu, niliposoma nilisimama nikatoka nje kidogo. Kifua kikibonyea, mfupa wa kidari huusukuma moyo upande wa kushoto, na tishu za mbele zilizobanwa hufanya kivuli pembezoni mwa moyo upande wa kulia. Kwenye eksirei ya mbele, ukingo wa moyo upande huo unapotea, na anayesoma haraka anaona doa la pafu la kulia. Tulifundishwa jambo hili mapema sana. Mbavu nazo huonyesha alama, za nyuma zimelala kama fito za chanja na za mbele zimeshuka mteremko mkali. Lakini ukimpokea mtoto hajavuliwa shati, unasoma kivuli kama ugonjwa. Sisemi hakuwahi kuumwa nimonia hata mara moja, watoto huumwa. Nasema kuanzia leo, kila akipigwa eksirei ya kifua, kabla hawajasoma waambie "mtoto huyu kifua chake kimebonyea", na iandikwe mwanzoni mwa daftari lake la kliniki kwa kalamu nyekundu. Siku moja asije akaanzishiwa dawa za kifua kikuu kwa ajili ya kivuli cha mfupa.

Namba ya kifua inaeleza umbo. Inayobaki kuulizwa ni kama umbo hilo linamdhuru, na hapo picha pekee haitoshi. Mwanao anasimama njiani akipanda kutoka mwaloni, mdogo wake anampita. Kwangu mimi hilo lina uzito kuliko ile 3.9. Anahitaji eko ya moyo, yaani kipimo cha kuutazama moyo kwa mawimbi ya sauti, ili waone kama chumba cha kulia kinabanwa na kama vali, ile milango ya moyo, zinafunga vizuri. Anahitaji kipimo cha kupuliza kwenye mashine, waone mapafu yanabeba hewa kiasi gani. Madaktari wa upasuaji huyaweka haya yote mezani pamoja: dalili, indeksi ikiwa juu ya 3.25, moyo kubanwa, pumzi kupungua, shimo kuongezeka mtoto anavyokua. Yakikutana mawili au zaidi ndipo mazungumzo ya kisu yanaanza. Njia yenu ni barua ya rufaa kutoka hospitali ya mkoa kwenda kwa daktari wa upasuaji wa kifua. Muhimbili wapo. Barua ya rufaa ina thamani kuliko unavyodhani, usisafiri bila hiyo.

Kuna kitu ufanye nyumbani leo jioni. Mwambie akishike kifundo cha mkono wake wa kushoto kwa mkono wa kulia, akizungushie kidole gumba na kidole kidogo. Je, vinapitana, kimoja kikapanda juu ya kucha ya kingine? Kisha asimame ukutani, mpime urefu, halafu anyooshe mikono pande zote mbili, mpime kutoka ncha ya kidole hadi ncha. Umesema amerefuka ghafla. Wapo watoto warefu, wembamba, wenye vidole virefu na mikono inayozidi urefu wa mwili, ambao kifua chao kilichobonyea ni dalili moja tu ya ugonjwa wa tishu za mwili uitwao Marfan, na hao mshipa mkuu unaotoka kwenye moyo unaweza kutanuka taratibu. Usiogope, kifua kilichobonyea mara nyingi hakina uhusiano na ugonjwa huo. Ila ukiona vidole vinapitana au mikono imezidi urefu waziwazi, mwambie daktari wa eko aupime mshipa huo pia. Na ainame mbele kama anayefunga kamba za viatu, utazame mgongo wake kama upande mmoja umeinuka. Uti wa mgongo uliopinda huandamana na kifua hiki mara nyingi.

India. Naelewa shemeji yako anampenda mtoto. Upasuaji unaofanywa sana siku hizi ni ule wa daktari Donald Nuss wa Virginia, uliotangazwa mwaka 1998. Huingizwa chuma kilichopindwa kupitia matundu madogo ubavuni, kikapita nyuma ya kidari, kikageuzwa, na kidari kikainuka. Chuma kile hakitolewi wiki ijayo. Kinakaa miaka miwili hadi minne, wengi mitatu, halafu kuna upasuaji wa pili wa kukitoa. Kwa hiyo hesabu ya kiwanja cha Mwandiga ijumuishe safari mbili, na kliniki za katikati, na daktari wa hapa atakayempokea chuma kikisogea usiku wa manane. Umri unaopendelewa ni kati ya miaka 12 na 18, na hata wakubwa hufanyiwa. Miezi sita ya kupima vizuri haiwapotezei chochote. Kipo pia kikombe cha mpira chenye pampu ya mkono, kinabandikwa kifuani kinanyonya kidari kuja juu, saa kadhaa kila siku kwa miezi mingi. Kinafaa zaidi kwa watoto wadogo na mashimo mafupi, na kisianzwe kabla ya eko na daktari kuruhusu. Vyuma vya jirani havitainua mfupa. Mazoezi ya mgongo na mabega yatamfanya asimame wima asijikunje, na kuogelea ni zuri kuliko vyuma vyote.

Wakati mnasubiri, msimkodolee macho kila siku mkidhani kimezama. Kila baada ya miezi mitatu mlaze chali kwenye mkeka, weka fito iliyonyooka ikatize kifua, simamisha rula kutoka chini kabisa ya shimo mpaka kwenye fito, akiwa amevuta pumzi na kuishikilia. Andika tarehe na milimita. Hiyo si indeksi ya Haller, lakini itakuambia kama shimo linaongezeka, na daktari ataithamini. Hospitali pangeni siku za mbalamwezi, mitumbwi ikiwa imetulia, ili usipoteze mzigo. Lakini akizimia akiwa anakimbia, au akapata maumivu makali ya kifua, au pumzi ikambana ghafla akiwa amekaa tu, usisubiri mwezi wala mteja. Mpeleke saa ileile.

Hilo jina la Bakuli nenda kalizungumze na mwalimu wake wa darasa. Mtoto aliyeacha kuvua fulana ameshaumia, na umivu hilo halionekani kwenye CT scan yoyote. Madaktari wazuri huliuliza na kuliandika.

Sasa wewe mjukuu wangu, najua mama anakusomea. Umejipima mwenyewe kwa kiganja na umepata jibu sahihi. Moyo hukaa kifuani katikati, umeelemea kushoto, na ncha yake ndiyo inayogonga chini ya chuchu ya kushoto. Wako umesukumwa zaidi upande huo na mfupa wa kidari, ndiyo maana unausikia karibu na kwapa. Haujapondeka. Umesogea, na mioyo mingi iliyosogea hivyo inafanya kazi yake vizuri. Kama kuna chumba kinachobanwa, eko itakionyesha, na kipimo chenyewe hakiumi: unalala ubavu wa kushoto, unapakwa mafuta ya baridi, kifaa kama kitunguu kinateleza mbavuni. Mwombe anayekupima akugeuzie kioo, uutazame ukipiga.